Hatua Mia za Mheshimiwa Bukanga

Haya nitakayosema hayakutokea kwetu. Kwetu, namshukuru Mungu, njia zote ziko wazi na wakubwa wote wana haya. Yalitokea katika nchi ile nyingine, ile mnayoijua, na msinitolee macho, maana mimi sijaitaja jina.

Katika nchi hiyo alikuwako Mheshimiwa Bukanga, Naibu Waziri wa Barabara, Njia na Vichochoro. Kiapo chake kilimtaka ahakikishe kila raia anapita. Basi alipomaliza kujenga jumba lake kilimani, akagundua kuwa kando ya bustani yake ya maua kuna kinjia cha miguu, na kwamba watu wanakipita. Hilo lilimuudhi. Akajenga ukuta wa mawe wenye kimo cha watu wawili, akaweka geti la chuma, na juu ya geti akatundika kibao: NJIA HII IMEFUNGWA ILI KURAHISISHA UPITAJI.

Njia ile ndiyo iliyokuwa ikimfikisha Nyamizi shambani kwake. Nyamizi alikuwa mjane wa miaka hamsini na ushee, mfupi, mkavu, mwenye mdomo. Shamba lake la vitunguu lilikuwa nyuma ya ukuta, bondeni, na yeye na marehemu mumewe walilifyeka kwa mikono yao, kisiki baada ya kisiki. Upande mmoja lina korongo, upande wa pili lina jabali. Ukinyimwa kile kinjia, labda uote mabawa.

Geti lilifungwa wakati vitunguu vimekomaa. Mvua ikavikuta ardhini, vikaoza. Siku nane Nyamizi alisimama nje ya ukuta akisikia harufu ya vitunguu vyake vikioza, na siku hizo nane Mheshimiwa alikuwa akinywa chai barazani akiwaambia wageni kuwa harufu ile inatoka kwa majirani wasiojua usafi. Nyamizi aliyasikia maneno hayo kwa masikio yake. Akajifunga kanga kiunoni.

"Bukanga," alisema, akiuangalia ukuta, "mimi na wewe."

Tena msidhani Mheshimiwa alifunga njia kwa ajili ya maua tu. Nchi ile ina sheria kwamba shamba lisiloguswa na jembe kwa misimu miwili mfululizo linakuwa mali ya jirani mwenye geti lililo karibu zaidi. Msimu mmoja ulikwisha kwenda geti likiwa limefungwa. Wa pili ungefungwa rasmi siku ya mwisho ya mwezi wa nne. Kabla ya siku hiyo Nyamizi ilikuwa lazima apige jembe shambani mwake, walau mara moja, la sivyo jasho lote la mumewe lingekuwa uwanja wa Bukanga wa kuegeshea magari.

Akaenda kushtaki, na akashinda! Ndiyo, nchi ile mahakama zake ni nzuri mno, mtu hushinda kila siku. Hakimu Sikalengo, mzee mwenye mihuri mitatu na macho mawili yasiyoona vizuri, alisoma hukumu kwa sauti ya kutikisa madirisha: "Mahakama hii, kwa ukali wa macho yake na upana wa moyo wake, inaamuru njia ipitike!" Watu wakapiga makofi. Nyamizi akaikunja hukumu, akabeba jembe, huyooo mpaka getini.

Mlinzi wa geti aliipokea hukumu kwa mikono miwili. Akaisoma mara mbili, akaipitisha chini ya geti, akaitembeza hadi bondeni, akairudisha.

"Hukumu imepita bila kuzuiwa na mtu," alisema. "Tukusaidie nini kingine, mama?"

"Mimi mwenyewe je?"

"Wewe hukuandikwa kuwa ni hukumu."

Akaenda polisi kuomba askari wa kumsindikiza. Polisi wakamwambia hawawezi kumlinda mtu bila amri ya mahakama. Akarudi mahakamani. Karani wa pale, mama mnene aliyekuwa akichambua mchele juu ya meza ya serikali, akamuuliza bila kuinua macho, "Umeshapigwa?"

"Bado."

"Basi wewe huna hatari. Una wasiwasi. Wasiwasi unashughulikiwa hospitali."

"Kwa hiyo nisubiri nipigwe ndipo nilindwe nisipigwe?"

"Unaona? Kumbe una akili. Nenda salama, mama."

Nyamizi akaenda tena getini, akaweka mkono kwenye komeo mbele ya mlinzi, akaambulia rungu la bega. Uchungu aliousikia siku ile sitausimulia. Ila alilala palepale chini, kwenye vumbi, akatazama juu, akamwona Mheshimiwa barazani na kikombe chake. Mheshimiwa alikuwa anacheka. Hakucheka kwa kujificha. Alicheka hadi chai ikamwagika kwenye suruali. Kitu kikaingia moyoni mwa Nyamizi siku hiyo na hakikutoka.

Alirudi mahakamani mkono umefungwa kwa kitambaa shingoni. Karani akafurahi kwelikweli.

"Hongera, mama! Sasa una kesi."

Akavuta droo, akatoa fomu, akaipuliza vumbi. Nchi nzima ilikuwa na fomu hiyo moja tu ya kuomba ulinzi, nayo ilitokana na Sheria ya Kuwalinda Watukufu. Sheria hiyo aliipeleka bungeni Mheshimiwa Bukanga mwenyewe, miaka sita nyuma, baada ya bibi mmoja sokoni kumshika koti na kumuuliza maji ya bomba aliyoahidi yamefia wapi. Waheshimiwa wote waliipitisha kwa kishindo, wamesimama, na wengine walilia. Ilikuwa na nafasi mbili za kujaza: jina la Mlindwa na jina la Hatari.

"Hii si ya wakubwa?" Nyamizi aliuliza.

"Ya watu wa kawaida haipo. Watu wa kawaida hatujawahi kuwalinda. Jaza, mchele wangu unaningoja."

Nyamizi akajaza. Mlindwa: Nyamizi, mjane, mkulima wa vitunguu. Hatari: Mheshimiwa Bukanga. Hakimu Sikalengo aligonga fomu ile muhuri kama alivyogonga nyingine sabini za asubuhi ile, bila kuisoma, kwa kuwa fomu ya watukufu haisomwi, husujudiwa.

Kesho yake polisi walifika kwa Nyamizi. Walikuja kumi na wawili na bendera, chini ya Sajini Mkumbwa, mtu mwenye sare iliyopigwa pasi ikapigika. Walifuatana na Bwana Ndimbo, Mpima Hatua wa Mahakama. Huyu alikuwa mtumishi wa umma ambaye urefu wa hatua zake ulithibitishwa na wizara, na kila amri ya ulinzi katika nchi ile ilihesabiwa kwa miguu yake: Mlindwa na Hatari wasiwe karibu zaidi ya hatua mia moja za Bwana Ndimbo.

Wakaongozana mpaka getini. Mheshimiwa akatokeza barazani. Sajini alipomwona tu, mikono ikaenda kwa mazoea ya miaka ishirini: akampigia saluti Mheshimiwa na kumdaka Nyamizi.

"Sajini, unanishikia nini?"

"Nakulinda, mama. Pale ndani kuna hatari. Ukiingia utaumia, na mimi niko hapa ili usiumie."

Bwana Ndimbo akahesabu hatua mia kurudi nyuma, akachora mstari kwa majivu. Wakampa Nyamizi kiti, wakamfungulia mwavuli, wakamzunguka. Alilindwa siku tatu, jamani, alilindwa! Nzi hakutua. Kila akinyanyuka na jembe lake, askari kumi na wawili wananyanyuka naye na kumwomba kwa adabu aketi. Na mwezi wa nne ulikuwa umebakiza siku mbili. Mheshimiwa alimtuma mlinzi wake na ujumbe kwamba anawapongeza polisi kwa kazi nzuri, na kwamba kuanzia keshokutwa wataweza kuegesha gari lao bondeni.

Sasa, mtu aliyekalishwa kwenye kiti siku tatu hana la kufanya. Nyamizi alikuwa amemaliza darasa la saba, na kabla ya kuolewa alikuwa ndiye anayewasomea wanakijiji barua zao. Akaichomoa ile fomu, akaanza kuisoma, nyuma na mbele, hata yale maandishi madogo ya chini. Nadhani katika historia ya nchi ile yeye ndiye mtu wa kwanza kuyasoma.

"Sajini, mwanangu," aliita. "Njoo unisaidie. Macho yangu haya ya uzee. Hapa wameandika nini?"

Sajini Mkumbwa akainama, akasoma kwa sauti: "Mlindwa hasogezwi, hasubirishwi, wala haulizwi anakokwenda."

"Mlindwa ni nani hapo juu?"

Sajini akatazama. Akatazama tena. "Ni... ni wewe, mama."

"Endelea."

"Popote Mlindwa atakapopenda kuwapo, Hatari iondolewe hatua mia, iwe imelala, imekaa, inakula au inahutubia." Jasho lilianza kumtoka kwenye mistari ya ile sare. "Askari atakayemsogeza Mlindwa badala ya Hatari atavuliwa cheo, sare na pensheni, papo hapo, mbele ya watu."

"Papo hapo," alisema Nyamizi. "Umenikalisha siku tatu, mwanangu. Nami sijamwambia mtu. Bado."

Ule mwavuli ulifungwa kwa upesi ambao sijapata kuona. Sajini alipiga saluti kwa mjane wa vitunguu hadi kofia ikamwanguka, kisha akageuka kuelekea geti na sauti yake ikawa ya mtu mwingine kabisa. Geti likafunguliwa. Mlinzi aliyempiga Nyamizi rungu alikimbilia kwenye banda la kuku, na hakutoka humo mpaka jioni.

Mheshimiwa Bukanga alishuka ngazi akiwa na vazi la kulalia na hasira.

"Mnajua mimi ni nani? Mimi ndiye njia! Mimi ndiye kichochoro! Nchi hii haipiti mahali bila mimi!"

"Tunajua, Mheshimiwa," alisema Sajini, huku akimshika kwapa moja. Askari mwingine akashika la pili. "Ila wewe ni Hatari, Mheshimiwa. Imeandikwa na sahihi yako iko chini."

Wakamnyanyua. Bwana Ndimbo akatangulia akihesabu kwa sauti, moja, mbili, tatu, bila haraka, kwa kuwa miguu ya serikali haikimbii. Hatua ya mia iliangukia katikati ya barabara kuu, mbele ya kituo cha mabasi. Hapo wakamsimamisha, vazi la kulalia na ndara moja. Mkuki kwa nguruwe mtamu!

Nyamizi aliingia shambani, akapiga jembe. Alipiga la kwanza kwa ajili ya mumewe, la pili kwa ajili ya vitunguu vilivyooza. Shamba likawa limeokoka. Angeweza kuishia hapo, na mtu mwema angeishia hapo. Nyamizi hakuwa mwema kiasi hicho. Alikumbuka kikombe cha chai na kile kicheko. Akapanda vitunguu vyake, na kwa kuwa vitunguu havihitaji kutazamwa kila siku, akaanza kutembea.

Juma lililofuata Mheshimiwa alikuwa akifungua kichochoro kipya mjini. Bendi ipo, utepe upo, watoto wa shule wamesimama juani tangu alfajiri. Alikuwa ndiyo kwanza anafungua mkasi na kusema, "Ndugu wananchi, kichochoro ni uti wa mgongo wa taifa," watu wakaona askari kumi na wawili wanapasua umati, na katikati yao mwanamke mfupi na kikapu.

"Usijali, baba, endelea," Nyamizi alimwambia. "Mimi napita tu."

Bwana Ndimbo akaanza, moja, mbili, tatu. Mheshimiwa alibebwa hatua mia na mkasi wake mkononi. Utepe ukakatwa na Nyamizi kwa meno, na watoto wa shule walishangilia mpaka mwalimu wao akasahau kuwakemea.

Alikwenda kwenye karamu ya chama, Mheshimiwa akaondolewa pilau likiwa mdomoni. Alikwenda kinyozini, Mheshimiwa akaondolewa na nusu ya ndevu. Ibada moja aliketi viti vya mbele na kumsalimia kwa heshima zote, na Mheshimiwa akaimba mapambio yote matatu akiwa chini ya mti wa mtaa wa pili. Majirani walimwonya Nyamizi. "Bibie, kisasi si kizuri," walisema. Akawajibu, "Vitunguu vilivyooza navyo havikuwa vizuri, na hamkuja kuonya."

Mheshimiwa alikimbilia mahakamani ili amri ifutwe. Hakimu Sikalengo safari hii akaisoma sheria, akavua miwani, akaivaa.

"Amri ya ulinzi wa Mtukufu haiwezi kufutwa na mahakama, bunge wala serikali," alisoma. "Inafutwa na Mlindwa mwenyewe, kwa ridhaa yake, akiwa na furaha." Akamtazama Mheshimiwa kwa huruma. "Uliiandika vizuri sana, Mheshimiwa. Haina hata upenyo."

Akabakiwa na bunge. Waheshimiwa wenzake hawakutaka hata kusikia sheria inaguswa, maana kila mmoja ana bibi yake wa sokoni anayemwogopa. Hata hivyo walimpa dakika tano ajieleze. Alisimama, akakohoa, akasema, "Mheshimiwa Spika, sheria hii ni mbaya." Kule juu, kwenye viti vya wananchi, mwanamke mmoja akainua mkono na kuwapungia wabunge. Hatua mia kutoka pale zinaishia nje, kwenye matenki ya maji. Hotuba iliyosalia aliitoa huko, na haikuingia kwenye kumbukumbu za bunge.

Sasa ikafika zamu ya nyumba. Vitunguu vilipokaribia kukomaa, Nyamizi alijenga kibanda shambani ili kuvilinda, akahamia humo na kitanda chake. Sajini Mkumbwa alimwita Bwana Ndimbo. Kutoka kitanda cha Nyamizi hadi kitanda cha Mheshimiwa ikaonekana ni hatua sitini na nne. Hawakujadiliana. Mheshimiwa alitolewa na mto wake, kwa adabu, akapangiwa mahali pake barabarani, mbele ya kituo cha mabasi, na hema la serikali. Kutoka pale alikuwa akiliona jumba lake lote, madirisha na baraza, na asubuhi hewa ikiwa safi alimwona Nyamizi ameketi kwenye kigoda nje ya kibanda chake, anakunywa chai.

Alijaribu ubembelezi. Alimpelekea ujumbe kwamba atamfanya Balozi wa Vitunguu, nchi yoyote apendayo, ya mbali zaidi ndiyo bora. Nyamizi akauliza kama huko kuna mtu anaitwa Bukanga. Alipoambiwa hayuko, akasema basi hakuna sababu ya kwenda.

Alijaribu machozi. Sajini Mkumbwa alikuja mbio kutoka barabarani, akihema. Siku hizo alikuwa amekonda kwa ajili ya kupeleka na kurudisha maneno hatua mia mara ishirini kwa siku.

"Mama, Mheshimiwa analia."

"Analia vipi?"

"Kwa sauti."

"Chai imemwagika?"

"Hapana, mama."

"Basi bado hajui kulia."

Mavuno yalikuja. Vitunguu vilikuwa vikubwa, vyekundu, magunia juu ya magunia, vikapita getini mchana kweupe huku mlinzi aliyetoka bandani akisaidia kupakia bila kuambiwa. Gunia la mwisho lilipotoka, kule barabarani Mheshimiwa alisimama nje ya hema lake, akapangusa koti. Alikuwa amehesabu siku hizi zote. Sajini akaja mbio.

"Mama, Mheshimiwa anauliza, vitunguu vimekwisha kuvunwa?"

"Vimekwisha vyote, mwambie. Sikubakiza hata kimoja."

Sajini akaenda, akarudi. "Anashukuru sana. Anasema wewe ni mama mwenye busara. Anauliza unahama kibandani lini, ili aagize mashuka yafuliwe."

Nyamizi alikuwa amechuchumaa pembeni ya shamba, anachimba shimo. Kando yake kulikuwa na miche mingi ndani ya vifuko vyeusi, imepangwa mistari mpaka kwenye korongo.

"Msimu huu sipandi vitunguu," alisema. "Vinachosha mgongo."

"Unapanda nini, mama, nimwambie?"

"Mitiki."

Sajini Mkumbwa aliandika kwenye daftari lake, kisha kalamu ikasimama. Kabla ya kuwa polisi alikuwa mtoto wa mkulima.

"Mama," alisema polepole, "mitiki si inakaa miaka..."

"Ishirini na mitano. Ukitaka mbao za maana, thelathini. Na miti mibichi inaibiwa, sharti mwenyewe ulale shambani."

"Mheshimiwa ana miaka sitini na minne."

"Najua," alisema Nyamizi, akauweka mche shimoni na kuukandamiza udongo kwa viganja. "Haya, nenda kamwambie. Tembea tu, mwanangu, safari hii usikimbie."

Sajini akaondoka. Nyamizi akainuka, akajipangusa mikono, akasogea hadi kwenye kichuguu kilichokuwa juu kidogo, mahali ambapo angeuona vizuri uso wa Bukanga atakapoambiwa.